Kilichompotea George Romero

Katika miaka michache iliyopita vijana wa Dar es Salaam wamerudi kutengeneza filamu za kutisha kwa ari ambayo haikuonekana tangu enzi za kanda za VHS. Wanazipiga kwa simu, usiku, ndani ya nyumba ambazo hazijaezekwa huko Goba na Chanika, kisha wanazipakia YouTube zikiwa na mlio wa bundi na mlango unaojifungua wenyewe. Wanaowatia moyo huwaletea mfano mmoja wa ng'ambo: George A. Romero, Mmarekani ambaye mwaka 1968, mbali na Hollywood na kwa fedha kidogo, alitengeneza filamu ya maiti wanaoinuka na kula walio hai, akawa chanzo cha aina nzima ya sinema na akapata wafuasi wanaompenda kama waumini wampendavyo sheikh wao. Kama yeye aliweza, wanasema, mwenye simu ya leo hana kisingizio. Naona mfano huo umechaguliwa vizuri na kusomwa vibaya. Ukiyafuata maisha ya kazi ya Romero hadi kifo chake mjini Toronto tarehe 16 Julai 2017, unakuta kwamba udogo wa bajeti haukuwa siri ya mafanikio yake wala msiba wake mkubwa. Kilichoamua, mara kwa mara, atafanya filamu ipi, lini, na atakula nini ikiisha, ni nani aliyekuwa anaimiliki kazi iliyokwisha kufanyika.

Tuanze na huo umaskini wenyewe, maana umetiwa chumvi. Romero alizaliwa New York mwaka 1940, akaenda kusoma Pittsburgh, mji wa viwanda vya chuma, akabaki huko kwa miongo mingi. Pamoja na marafiki alianzisha kampuni iliyoitwa The Latent Image, na kwa miaka kadhaa waliishi kwa kupiga matangazo ya biashara na vipande vifupi vya kipindi cha watoto cha Fred Rogers, kilichokuwa kikitengenezwa mjini humo. Kwa hiyo walipoamua mwaka 1967 kutengeneza filamu ndefu, tayari walikuwa na kamera, taa na vyombo vya kuhariri, na zaidi ya yote walikuwa wamezoeana kazini, kila mmoja akijua mwenzake anachelewa wapi na anaharakisha wapi. Waliunda kampuni nyingine, Image Ten, ya watu 10 waliotoa dola 600 kila mmoja, kisha wakatafuta wawekezaji zaidi hadi gharama ikafika karibu dola 114,000. Mmoja wa wawekezaji alikuwa muuza nyama, na hapo ndipo yalipotoka yale matumbo yanayotafunwa. Damu ilikuwa rojo ya chokoleti, iliyotosha kabisa kwa kuwa picha ilikuwa nyeusi na nyeupe. Hadithi za chokoleti na matumbo ndizo zinazosimuliwa, kwa sababu zinachekesha na zinatia matumaini. Miaka ya matangazo na hesabu za hisa haisimuliwi. Kijana wa Goba anayeambiwa aige Romero anaambiwa aige usiku mmoja wa kupiga picha, ilhali nyuma ya usiku huo kulikuwa na kampuni iliyosajiliwa na kazi ya kulipwa iliyowafunza mikono.

Niseme pia kilichokuwa kipya ndani ya filamu hiyo, Night of the Living Dead, kwa sababu hata hapo kuna kutoelewana, na safari hii kosa ni letu sisi wa Dar. Mimi niliiona kwanza katika kibanda umiza huko Tandika, nikiwa sekondari, kanda imechakaa hadi nyuso zote zinaonekana zimepakwa majivu, na mtafsiri akawaita maiti wale misukule. Ukumbi mzima ulilikubali neno hilo, nami nililikubali kwa miaka mingi. Lakini msukule ana mwenyewe. Ndugu zake wamezika mgomba wakidhani ni yeye, kumbe yuko shambani kwa mtu, analima usiku na kula pumba, na hofu anayoitia ni hofu ya kutumikishwa. Tena ana dawa, kwani akipatikana mganga aliyemzidi mchawi nguvu, mtu wenu anaweza kurudi nyumbani. Zombi wa Haiti, ambaye Hollywood ilimtumia tangu miaka ya 1930, ni ndugu wa damu wa msukule: mtumwa aliyenyimwa hata mapumziko ya kaburi. Alichofanya Romero ni kumwondoa bwana. Maiti wake hawakutumwa na mtu, hawana wa kuwaamuru wala wa kuombwa msamaha, na neno zombi halitamkwi hata mara moja katika filamu hiyo. Chanzo chao kinaguswa juu juu tu, kwa habari ya chombo cha anga kilichorudi kutoka Zuhura, kisha kinaachwa. Mchawi akishaondoka, lawama inabaki kwa walio hai waliojifungia ndani ya nyumba ile ya shambani, wanaobishana kuhusu nani mkubwa na mahali gani pa kujificha mpaka wanaangamizana. Ndiyo maana filamu ile ilizaa nyingine nyingi hivyo: aliacha kiti cha bwana wazi, na kila mwongozaji aliyefuata akaweka hapo hofu ya zama zake.

Hapa niwape haki yao wanaosifu uhuru wa mtengenezaji asiye na kampuni kubwa mgongoni, kwa kuwa hoja yao ina uzito. Mhusika mkuu, Ben, alichezwa na Duane Jones, mtu mweusi, katika nafasi ambayo skripti haikuiandika kwa rangi yoyote. Ben anapona usiku wote, na asubuhi anapigwa risasi na kundi la wazungu wenye bunduki waliodhani ni mmoja wa maiti, kisha mwili wake unaburutwa kwa kulabu za nyama. Kampuni ya American International Pictures iliikataa filamu hiyo kwa sababu ilitaka mwisho wa furaha. Romero alisimulia mara nyingi kwamba walikuwa njiani kuelekea New York, nakala ya filamu ikiwa ndani ya gari, waliposikia redioni kuwa Martin Luther King ameuawa. Hiyo ilikuwa Aprili 1968. Mwongozaji aliyeajiriwa angeubadilisha mwisho ule ndani ya wiki moja. Hawa waliweza kukataa kwa kuwa filamu ilikuwa yao, na ninasisitiza neno hilo: yao, kwa hati, hisa na kampuni. Uhuru tunaousifu haukuletwa na uhaba wa fedha. Uliletwa na umiliki, na ndiyo maana kilichotokea miezi michache baadaye kinauma zaidi.

Filamu ilikuwa na jina jingine, Night of the Flesh Eaters, na tamko la hakimiliki lilikuwa limeandikwa kwenye kadi ya jina mwanzoni mwa filamu. Msambazaji, Walter Reade, alibadilisha jina, kadi ya zamani ikaondolewa na mpya ikawekwa bila tamko lile. Kwa sheria ya Marekani ya wakati huo, kazi iliyotolewa hadharani bila tamko la hakimiliki ilihesabiwa kuwa mali ya umma, na basi. Filamu ilizinduliwa Pittsburgh tarehe 1 Oktoba 1968 ikiwa tayari haina mwenyewe. Katika miaka iliyofuata yeyote mwenye nakala aliweza kuionyesha, kuirusha kwenye televisheni, kuiweka kwenye kanda na kuiuza, bila kuwalipa waliotoa dola 600 zao hata senti. Waundaji walimshtaki msambazaji, lakini kampuni yake ilifilisika. Mwaka 1990 waliitengeneza upya filamu yao wenyewe, Romero akiandika skripti na Tom Savini akiongoza, na mojawapo ya sababu ilikuwa kupata walau toleo moja ambalo sheria ingewatambua kuwa wenyewe.

Wapo wanaosema kupotea kwa hakimiliki ndiko kulikomjenga. Filamu isiyo na mwenyewe ilifika mahali ambapo filamu yenye mwenyewe isingefika: vituo vidogo vya televisheni, maonyesho ya usiku wa manane, vibanda vyetu vya Tandika na Manzese. (Inachekesha kufikiri kwamba katika meza yote ya DVD za Kariakoo, hiyo ndiyo ambayo kwa sheria ya kwao haikuwa imeibwa kutoka kwa mtu yeyote.) Sikatai kwamba usambaaji huo ulimpa jina, wala kwamba kanuni za maiti wanaotembea, ambazo zimelisha michezo ya video na tamthilia nyingi, zisingekuwa zake peke yake hata kama kadi ile ingebaki mahali pake, kwa kuwa sheria hulinda kazi iliyofanyika na si wazo lililo ndani yake. Lakini tuangalie jina hilo lilimfanyia nini. Filamu zake tatu zilizofuata, kati ya 1971 na 1973, hazikupata watazamaji wa kutosha. Mtu ambaye filamu yake ya kwanza ilikuwa inaonyeshwa kila mahali alilazimika kupiga filamu za televisheni kuhusu wanamichezo, mojawapo ikimhusu mchezaji O. J. Simpson, ili mambo yaende. Umaarufu ulikuwa wa filamu, na filamu haikuwa yake.

Katika kipindi hicho alipewa kazi na shirika la kijamii la Walutheri wa Pennsylvania kutengeneza filamu kuhusu mateso ya wazee. Matokeo yake, The Amusement Park, ya mwaka 1973, ni jinamizi la mzee anayezunguka katika bustani ya michezo akidhalilishwa na kila anayekutana naye. Haikuonyeshwa kwa umma mpana hadi nakala ilipopatikana miaka ya karibuni, ikarekebishwa na kutolewa mwaka 2021, miaka minne baada ya kifo chake. Msomaji wa Dar es Salaam anayefahamu jinsi waongozaji wetu wengi wanavyoishi, yaani filamu ya Ukimwi ya shirika hili leo na ya malaria ya shirika lile kesho, anaweza kuona kitu anachokifahamu. Kazi ya kuagizwa hulipa kodi ya nyumba, na mara nyingine huwa nzuri kuliko ilivyotarajiwa, lakini aliyeilipia ndiye anayeamua kama itaonwa na watu au itafungiwa kabatini.

Alipoinuka tena, aliinuka kwa mkataba. Baada ya Martin, filamu ya vampaya asiye na uchawi wowote aliyoipiga Braddock, mji wa chuma uliochoka jirani na Pittsburgh, alikubaliana na mwongozaji wa Kiitaliano Dario Argento, ambaye alisaidia kupata fedha, na kwa upande wake akapata haki ya kuhariri toleo la nchi zisizozungumza Kiingereza. Filamu hiyo, Dawn of the Dead, ya pili yake ya maiti wanaoinuka, ilipigwa ndani ya jengo la maduka la Monroeville, usiku maduka yakishafungwa, na upigaji ukasimama kipindi cha Krismasi kwa sababu ya mapambo. Walipoona kwamba kwa ukatili wake itapewa daraja la X (daraja ni alama inayosema filamu inafaa watu wa umri gani), lililohusishwa na filamu za ngono, waliamua kuitoa bila daraja lolote, na ikafanikiwa sana. Kwa Day of the Dead ya 1985 alipewa uchaguzi wa wazi: fedha nyingi kwa filamu ambayo ingekubali kupunguzwa makali ili ipate daraja la kawaida, au karibu nusu yake kwa filamu isiyo na daraja. Alichagua nusu, akaikata skripti yake. Wengi husimulia jambo hilo kama kisa cha msanii shujaa. Mimi naliona kama biashara iliyofanywa na mtu aliyejua anauza nini na anabakiza nini, jambo ambalo hakulijua mwaka 1968. Huku kwetu, ambako kwa Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 filamu hupitia Bodi ya Filamu kabla ya kuonyeshwa, mlango wa kutoka bila daraja haupo, na mijadala yetu kuhusu filamu za kutisha huishia kwenye maadili. Ni mjadala halali, lakini umekula muda wote, hata hakuna anayeuliza mwongozaji alisaini nini.

Miaka ya 1990 alikaribia kunyamaza kabisa. Kati ya filamu ya 1993 na iliyofuata ya 2000 hakuna filamu ndefu yake iliyotoka. Mwaka 1998 aliongoza tangazo la mchezo wa video wa Resident Evil 2 kwa soko la Japani, akaandika skripti ya filamu ya mchezo huo, skripti ikakataliwa na kazi akapewa mwingine. Mchezo uliojengwa juu ya maiti wake haukuwa na nafasi kwa ajili yake. Mwaka 2004 Dawn of the Dead ilitengenezwa upya bila yeye, kwa kuwa haki zilikuwa mikononi mwa mtayarishaji mwenzake wa zamani, na ni mafanikio ya toleo hilo la wengine yaliyoifanya studio ya Universal impe fedha za Land of the Dead mwaka 2005. Alikuwa na umri wa miaka 65.

Sasa turudi nyumbani. Dar es Salaam haikuanza filamu za kutisha jana. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Mussa Banzi alitoa Nsyuka na kisha Shumileta, na watu walizitazama kwa hofu ya kweli, kwa sababu mizimu na majini ya humo yalikuwa ya kwetu. Soko lililozipokea filamu za zama hizo lilikuwa Kariakoo, na utaratibu wake unajulikana: mtengenezaji anapeleka masta, yaani nakala mama ya filamu, kwa msambazaji, anapewa fedha mara moja, na kuanzia hapo filamu ni ya msambazaji. Hata mtindo wa kugawa hadithi katika Part One na Part Two, ambao wakosoaji waliucheka, ulizaliwa na hesabu hiyo, kwani hadithi moja ikikatwa vipande viwili inauzwa mara mbili. Mwongozaji aliyeuza masta yake leo anaiona filamu hiyo ikikatwakatwa na kupakiwa mtandaoni, ikitazamwa, ikiingiza matangazo, na hana pa kudai. Kwake neno msukule linafaa kuliko lilivyowafaa wale maiti wa Tandika: jina lake liko kwenye kava, naye analima shamba la mwingine.

Hoja ninayoisikia mara nyingi kwa vijana, na ambayo naiona dhaifu kuliko zote, ni kwamba masuala ya haki yatakuja baadaye, kwanza tupate watazamaji. Wanaongeza, kwa usahihi, kwamba ajali ya Romero haiwezi kutokea hapa. Tanzania imo katika Mkataba wa Berne, mkataba wa kimataifa wa hakimiliki, tangu 1994, Marekani yenyewe iliingia 1989, na chini ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 ulinzi unaanza pale kazi inapoundwa, bila kadi wala tamko. Hayo ni kweli na hayasaidii. Sheria inampa mtunzi haki kwa siku ya kwanza. Haimzuii kuigawa siku ya pili. Chaneli inayopakia filamu fupi, kwa ninavyoona, mara nyingi si ya mwongozaji: ni ya mwenye kamera, au mwenye studio, au msanii maarufu aliyekubali kuonekana kwa dakika mbili. Makubaliano yamo katika ujumbe wa WhatsApp, kama yamo popote. Na hoja ya watazamaji kwanza inasahau kuwa katika sinema, tofauti na genge la nyanya, bidhaa ya kwanza ndiyo huuza maisha yote. Romero alipata watazamaji kwanza, tena wengi kuliko atakaowapata yeyote kati yetu, na kilichomrudisha kwenye meza ya kazi ni filamu za wanamichezo.

Nisieleweke kuwa nawaambia vijana waache kamera watafute wanasheria. Watu 10 wa Pittsburgh hawakuwa wanasheria. Walikuwa na karatasi iliyosema kila mmoja ametoa nini na atapata nini, nayo iliwashikilia pamoja hata baada ya filamu kuwatoka. Kundi la Chanika linaloweza kukubaliana nani atabeba taa linaweza pia kuandika ukurasa mmoja kuhusu chaneli ni ya nani, nani ana nywila, na itakuwaje mwenzao akiondoka, kisha likaipeleka kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, kusajiliwa ili siku ya ugomvi kuwe na tarehe. Mwenye masta asikubali kuitoa bila kubaki na nakala kamili isiyobanwa, mahali ambapo simu ikiibiwa haitapotea nayo.

Jambo hilo la mwisho lina mfano wake. Hakimiliki ya Night of the Living Dead ilikuwa imepotea kwa karibu nusu karne, na nakala zilizozagaa zilikuwa na ukungu kama ile ya Tandika, lakini negativu asilia iliyotoka kwenye kamera ilikuwa bado ipo. Mwaka 2016 toleo lililosafishwa kutoka kwenye negativu hiyo lilionyeshwa katika jumba la makumbusho ya sanaa la MoMA, New York, chini ya usimamizi wa Romero mwenyewe, chini ya mwaka mmoja kabla hajafa. Nililitazama baadaye kwenye kompyuta, na kwa mara ya kwanza nikaona kwamba Ben anapopigilia mbao madirishani, misumari inaonekana mmoja mmoja.